Kenta iliyonoki mara mbili: kisa cha silinda ya tatu

Nilipoifungua kofia ya konrodi (ule mkono wa chuma unaoshuka kutoka kwenye pistoni) ya silinda ya tatu, kabla sijaiona beringi niliona kipande cha karatasi ya fedha, ile inayofunika sigara ndani ya paketi. Kilikuwa kimekunjwa mara mbili, kingo zimeungua, kimebanwa kati ya mgongo wa beringi na kofia. Dereva alikuwa amechuchumaa ukingoni mwa shimo la gereji akinimulikia tochi. Akasema, "Hicho fundi wa kule alikiweka ili ikaze." Hakuficha kitu, na namshukuru kwa hilo, maana nusu ya uchunguzi wangu niliupata mdomoni mwake.

Gari lilikuwa kenta ya tani 3.5, injini ya dizeli yenye silinda nne. Lilikuwa limenoki, yaani injini kugonga kwa kuharibika ndani, mara mbili ndani ya siku 11. Mara zote mbili watu walihangaika na beringi, na mimi pia nilianza hivyo hivyo, ilhali ugonjwa ulikuwa umekaa juu, kwenye silinda hedi, kile kichwa kinachofunika silinda. Ndiyo maana nakieleza kisa hiki kwa kirefu.

Ilikuwa msimu wa korosho miaka michache iliyopita, kabla lami ya kutoka Mtwara kwenda Newala haijavuka Mnivata. Kenta ilikuwa ikibeba korosho kutoka maghala ya vyama vya msingi vya bondeni, upande wa Kitangari, kupandisha Newala mjini. Anayeijua njia ile anaujua ule mlima. Newala imekaa juu ya uwanda wa Makonde, zaidi ya mita 600 kutoka usawa wa bahari, na kutoka bondeni gari lenye mzigo linapanda kwa kuvuta pumzi. Siku hiyo lilikuwa na magunia 50 ya kilo 80, yaani tani 4. Dereva alikuwa akipanda kwa gia ya tatu, mzunguko wa injini uko chini, ili asiunguze dizeli nyingi. Katikati ya mlima akasikia "ko, ko, ko" ikipanda kutoka chini ya miguu yake. Akiachia mafuta inapungua, akikanyaga inarudi kwa nguvu zaidi.

Fundi wa Newala aliyeitwa alifanya jambo moja zuri sana. Injini ikiwa sailensa, yaani ikizunguka polepole bila kukanyagwa mafuta, alilegeza nati za mabomba ya injekta, vile vifaa vinavyopulizia dizeli kwenye silinda, moja moja, silinda ya kwanza hadi ya nne. Alipolegeza ya tatu mlio ukafifia. Maana yake ni kwamba silinda ile ilipokosa dizeli haikulipuka, konrodi yake haikupigwa, na kelele ikapungua. Akajua palipo na tatizo bila kubomoa injini nzima. Kipimo hicho hakihitaji chombo chochote zaidi ya spana, na kila fundi anayejifunza kazi hii anapaswa kukijua.

Kilichofuata ndicho kilichoharibu. Alishusha sampo, bakuli la oili chini ya injini, pale pale kando ya barabara, akafungua konrodi ya tatu, akakuta beringi imeliwa na shingo ya krenki, pale mhimili mkuu wa injini unapokaa ndani ya beringi, ina mikwaruzo. Akaipiga msasa kwa mkono hadi ikang'aa. Akaweka beringi mpya ya saizi ya kawaida, akaona bado inacheza, akaipa ile karatasi ya sigara mgongoni. Oili iliyotoka aliichuja kwa kitambaa, akairudisha. Simlaani. Mzigo ulikuwa juu ya gari, mvua za Novemba zinakaribia, mwenye gari anapiga simu kila baada ya nusu saa. Lakini alichokitengeneza pale ni noki ya pili.

Siku ya 11 kenta ilikuwa ikishuka kuja Mtwara. Kwenye vumbi la Tandahimba ilikuja taratibu, haina kelele ya kutisha. Ilipokanyaga lami ya Mnivata dereva akafungua mwendo. Haikumaliza kilomita tatu. Mlio ulikuja kama mtu anapiga nyundo kwenye chuma tupu, oili ikaanza kutoa moshi, akazima. Zikabaki kilomita kama 45 kufika mjini, akavutwa kwa kamba hadi kwangu.

Mwenye gari alifika asubuhi iliyofuata. Ni mzee wa makamo, na dereva ni mtoto wa dada yake, kwa hiyo kijana akawa anajibu kila swali kwa kuanzia na "Mjomba". Nilimwamkia, tukakaa. Mzee akaniambia, "Fundi, wewe badilisha beringi tu. Korosho hazisubiri." Nikamwambia, "Mzee, beringi ilibadilishwa siku 11 zilizopita. Nikiibadilisha tena bila kujua iliyoila ile ya kwanza, nitakuwa nimekula hela yako." Alinyamaza kidogo, kisha akasema yeye anaamini ni oili feki. Kusema kweli hata mimi nilidhani hivyo, kwa sababu oili ya kughushi tumeiona sana madukani.

Kabla ya kueleza nilichokuta, inafaa tukubaliane kwanza beringi inafanya kazi gani, maana hapa ndipo wengi tunapopotea.

Krenki ya injini ile ina shingo tano za meni, zinazoishika kwenye bloku, na shingo nne za konrodi, ambazo ndizo zinazopokea msukumo wa pistoni na kuugeuza kuwa mzunguko. Kwenye kila shingo kuna beringi ya vipande viwili vyembamba. Ukiishika mkononi ni kama kigae cha chuma kilichopindwa nusu duara. Mgongo ni wa chuma. Juu yake kuna tabaka la shaba iliyochanganywa na risasi, au la alumini na bati, na nyingi huwa na utando mwingine laini kabisa juu, mwembamba kuliko karatasi. Ulaini huo ni wa makusudi. Kipunje cha uchafu kikipita, kizame kwenye beringi, kisikwaruze krenki.

Sasa swali. Ni nini kinachoizuia krenki isisagane na beringi? Wengi watakujibu kwamba pampu ya oili inaisukuma juu. Haiwezi. Pistoni yenye kipenyo cha mm 100, presha ya mlipuko ikifika bar 100, inasukumwa kwa nguvu ya karibu tani 8. Hizo ni gunia 100 za korosho juu ya pistoni moja, mara mbili ya mzigo wote aliokuwa nao dereva wetu mgongoni, na zinashuka zaidi ya mara 16 kwa sekunde injini ikizunguka mara 2,000 kwa dakika. Pampu ya oili inatoa bar 3, 4 au 5. Kazi yake ni kufikisha oili mlangoni tu.

Kinachobeba ule uzito ni mzunguko wenyewe. Shingo ya krenki ni ndogo kidogo kuliko tundu la beringi. Kwa shingo ya mm 60 nafasi hiyo huwa kama mm 0.05 hadi 0.06. Ikipigwa na mzigo, shingo hukaa upande mmoja, na oili inayoikokota pembeni huingia kwenye mwanya unaozidi kubana, kama kabari. Oili ikikosa pa kukimbilia, presha yake pale ndani inapanda hadi mamia ya bar, na krenki inaelea. Sehemu nyembamba kabisa ya utando huo ni maikroni chache tu, na maikroni moja ni sehemu ya elfu ya milimita. Unywele wa mtu ni kama maikroni 70.

Jambo hili liligunduliwa karibu kwa bahati. Mwaka 1883 mhandisi wa Uingereza aitwaye Beauchamp Tower alikuwa akijaribu beringi za ekseli za reli. Alitoboa tundu juu ya beringi ili atilie oili, na badala ya oili kuingia, ikawa inapanda na kumwagika nje. Akaziba kwa kizibo, kikasukumwa nje. Akaziba kwa mti, nao ukatoka. Mwaka 1886 Osborne Reynolds akaandika hesabu zinazoeleza kabari ile, na hesabu hizo ndizo zinazotumika mpaka leo kubuni beringi za injini.

Kabari hiyo inataka vitu vitatu: mwendo, oili yenye uzito wa kutosha, na nafasi iliyo sawa pande zote. Uzito ninaousema ni ule unaofanya asali imwagike polepole na maji yamwagike haraka. Gari letu, kama nitakavyoonyesha, lilinyimwa vyote vitatu.

Nilianza na kijiti cha kupimia oili, kabla hata ya kulala chini ya gari. Oili ilikuwa imepita alama ya juu kwa kidole kizima. Nikamuuliza kijana mara ya mwisho ameongeza lini. Akasema kwa fahari kwamba gari lake halili oili, tangu Septemba hajaongeza hata robo. Nikamwuliza kama amewahi kuona imepanda. Akafikiri. Akasema ndiyo, aliona, akajua ni baraka.

Injini yenye umri ule hupunguza oili kidogo kidogo. Ikipanda, kuna kitu kinaingia. Kama ni maji, oili hugeuka rangi ya chai ya maziwa. Hii ilikuwa nyeusi na nyepesi, na nilipoinusa ikanuka dizeli. Nikachukua kipande cha kioo, nikadondosha tone la oili ile na pembeni yake tone la oili mpya ya 15W-40, nikakiinamisha. Ya gari ilikimbia hadi chini wakati ile mpya haijafika hata robo ya kioo. Mzee alikuwa amesimama nyuma yangu. Alipoona mbio zile, habari ya oili feki akaiacha mwenyewe.

Sikuwasha injini. Injini iliyonoki ukiiwasha "tusikie tu", unaweza kupata konrodi iliyotoboa bloku, na hapo hakuna tena cha kuchunguza.

Tulishusha sampo. Kwenye mabaki ya oili kulikuwa na mng'ao kama wa dhahabu. Nikapitisha sumaku, haikushika karibu kitu. Chuma cha krenki na ringi kingeshikwa na sumaku, shaba na risasi hazishikwi. Kwa hiyo ule mng'ao ulikuwa wa beringi, na kwa wingi ule haukuwa wa beringi moja.

Baada ya kutoa injini nzima, nilizipanga beringi zote juu ya gazeti kwa mpangilio wake, kila moja na namba yake, za juu na za chini. Fundi akizichanganya kwenye ndoo amefuta ushahidi. Konrodi ya kwanza, ya pili na ya nne zilikuwa zimelika sawasawa, na kwenye nusu ya juu shaba ilikuwa imeanza kuonekana katikati. Nusu ya juu ya beringi ya konrodi ndiyo inayopokea pigo la mlipuko, kwa hiyo kulika pale ni kwa kawaida, ila kulikuwa kumezidi. Za meni nazo zimelika, safari hii kwenye nusu za chini, kwa sababu zenyewe ndizo zinazobeba krenki ikisukumwa kwenda chini. Nafasi nilizopima kwa konrodi hizo tatu zilikuwa mm 0.11 hadi 0.12. Mara mbili ya kawaida.

Kulika kwa beringi zote kwa pamoja kunaonyesha chanzo kinachozigusa zote, yaani oili. Hapo dizeli ndani ya oili ilikuwa imejieleza. Lakini bado kulikuwa na swali lililonisumbua hadi nikalala nalo: kwa nini ya tatu ndiyo ilitangulia kufa, siku ile mlimani?

Beringi yenyewe ya tatu haikuwa na la kusema. Ilikuwa imezunguka ndani ya konrodi, vipande viwili vimepandana kama visahani, shaba imekwisha yote. Shingo ilikuwa na rangi ya buluu, dalili ya moto mkali. Kwa maikrometa nilipata mm 59.93 upande mmoja na mm 59.84 nikigeuza robo. Kwa hiyo haikuwa duara tena, ilikuwa yai, na tofauti ya mm 0.09 ni kubwa kuliko nafasi nzima ya oili. Msasa wa mkono hufanya hivyo daima, kwa sababu mkono unasugua zaidi pale unapofika kirahisi.

Na ile karatasi ya sigara? Beringi haishikwi na kile kijino chake kidogo, kijino ni cha kuielekeza tu wakati wa kuipanga. Inashikwa kwa sababu kila nusu imetengenezwa ndefu kidogo kuliko nusu ya tundu lake, ukikaza bolti zinabanana na mgongo unalala wote kwenye chuma cha konrodi. Kwa njia hiyo hiyo joto linapata pa kutokea. Ukiweka karatasi mgongoni, beringi inakaa juu ya kichuguu. Inabana sehemu moja na kuacha pengine, joto halitoki, na ikipata pigo la kutosha inazunguka. Kwenye vumbi la Tandahimba mwendo ulikuwa mdogo, ikavumilia. Kwenye lami, mzunguko ulipopanda, pistoni na konrodi zilipokuwa zikigeuzwa juu na chini kwa kasi zilivuta kofia kwa nguvu kubwa zaidi, na noki ya pili ikaja.

Jibu la noki ya kwanza nililipata juu. Tulipofungua silinda hedi, kichwa cha pistoni ya tatu kilikuwa na masizi mazito yenye unyevu, na upande mmoja kimedonoka kama kimeliwa na mchwa. Ukuta wa silinda ulikuwa umeoshwa, mistari ya honi, ile michirizo midogo ya ukutani inayoshika oili, imefutika upande ule ule. Nikatoa injekta zote nne na kuzipeleka kwa fundi wa pampu kuzipima. Tatu kati ya hizo zilipuliza ukungu mzuri na kukata. Ya namba tatu ilikuwa ikichuruzika. Presha inapanda, na kabla nozeli, ncha ya injekta, haijafunguka matone yanaanguka, na baada ya kufunga yanaendelea.

Basi kila kitu kikaingia mahali pake. Dizeli iliyochuruzika haikuungua yote. Nyingine iliosha oili kwenye ukuta wa silinda, ikapita ringi, ikashuka kwenye sampo, ikaipunguzia uzito oili ya injini nzima. Nyingine ilijikusanya, ikalipuka kwa pigo moja zito badala ya kuungua kwa mpangilio, na pigo hilo likashuka moja kwa moja kwenye beringi ya konrodi ya tatu. Beringi zote zilikuwa kwenye oili nyepesi, ila moja tu ilikuwa ikipigwa nyundo juu yake. Mlimani, kwa gia kubwa na mzunguko mdogo, kabari ya oili ikawa dhaifu kuliko siku zote wakati mzigo ukiwa mkubwa kuliko siku zote. Ikavunjika pale.

Kuna jambo jingine ambalo kijana alilitoa mwishoni, kwa sauti ya chini, mjomba wake akiwa amekwenda kuswali. Mwezi mmoja kabla ya mlima, taa nyekundu ya oili ilikuwa ikiwakawaka injini ikiwa ya moto kwenye sailensa. Fundi wa umeme akamwambia swichi imekufa, akachomoa waya. Swichi hizo hufa kweli, simlaumu kwa kuwaza hivyo. Lakini kuna geji ya kufunga kwenye tundu lile lile la swichi, kipimo cha dakika kumi. Taa ile haiwaki hadi presha ishuke karibu nusu bar au chini ya hapo, kwa hiyo ikianza kupepesa, muda wa kujadiliana umeshapita. Laiti waya ule ungeachwa, krenki ingeokoka.

Matengenezo yalichukua wiki tatu, na mzee alikosa sehemu kubwa ya msimu. Krenki ilisafiri kwa basi kwenda Dar es Salaam, zaidi ya kilomita 500, kuchongwa. Nilisisitiza mambo mawili kwa karatasi niliyoifunga kwenye krenki yenyewe. La kwanza, iangaliwe nyufa kwa sumaku na unga wa chuma kabla ya kuchongwa, kwa sababu ya ile rangi ya buluu. La pili, kona ya mviringo pale shingo inapokutana na ukuta wake ibaki ya mviringo. Mchongaji akiifanya kali kama kona ya sanduku, krenki huanza kupasuka hapo hapo. Ilirudi mm 59.50 shingo zote nne, pamoja na beringi za saizi hiyo. Konrodi ya tatu ilikuwa imeharibika tundu, tukapata nyingine na kuipima uzito ili ilingane na wenzake.

Sehemu iliyonichukua muda kuliko zote haikuwa ya kufunga, ilikuwa ya kuosha. Oili hutoka kwenye pampu, ikapita filta, ikaingia mfereji mkuu wa bloku, ikagawiwa shingo za meni, na kutoka hapo hupenya kwenye vijitundu ndani ya krenki hadi shingo za konrodi. Konrodi ziko mwisho wa mstari, kama nyumba za mwisho wa bomba. Vijitundu vile vilikuwa na shaba ya beringi zilizokufa, na unga wa kuchongea uliongezeka Dar es Salaam. Nilivipitisha waya wenye brashi, mafuta ya taa, kisha upepo, nikarudia hadi kitambaa cheupe kikatoka cheupe. Kipoza oili sikukiosha. Mikunjo yake ya ndani haionekani na uchafu wake hautoki wote, nikamwomba mzee anunue kingine. Alilalamika. Nikamwonyesha nilichokung'uta kutoka kwenye kile cha zamani, kikang'aa kwenye kiganja chake, akatoa hela.

Nozeli zilibadilishwa zote nne, pamoja na pistoni moja na ringi. Nafasi za konrodi nilizipima kwa ule uzi laini wa plastiki unaobanwa na kupanuka kati ya shingo na beringi. Zilikuwa mm 0.06. Bolti za konrodi zilikuwa mpya, zimekazwa kwa spana ya kipimo. Waya wa taa ya oili niliurudisha mwenyewe na swichi mpya. Kabla ya kuwasha tulizungusha injini kwa stata dizeli ikiwa imekatwa, hadi geji ikapanda. Injini ikiwa ya moto kwenye sailensa ilisoma bar 1.8.

Kijana nilimpa masharti ya kilomita 500 za kwanza, na nikamwambia mlimani ashushe gia mapema, injini izunguke. "Dizeli itakwenda, mjomba atauliza," akasema. Mzee akajibu kutoka kivulini, "Na iende."

Walirudi baada ya wiki mbili kubadilisha oili. Kwenye kijiti ilikuwa imeshuka chini ya alama ya juu kwa upana wa ukucha. Nikainusa, haikunuka dizeli. Filta niliikata kwa msumeno nikaikunjua juu ya meza. Kulikuwa na vipunje vichache vya chuma cha ringi mpya, sumaku ikavishika vyote, na hakuna hata chembe moja ya rangi ya dhahabu.